Lubaina Himid, mchoraji aliyeshika chaki

Wakubwa zangu, shikamooni. Vijana, hamjambo. Nawashukuru walimu wa sanaa wa Arusha, na wenzetu mliopanda basi asubuhi kutoka Moshi. Mmeniomba nimzungumzie msanii mmoja, nami nimemchagua mzaliwa wa Zanzibar ambaye madarasani mwetu hatajwi inavyostahili: Lubaina Himid.

Alizaliwa mwaka 1954. Baba yake, mwenye asili ya Komoro, alifariki kwa malaria binti akiwa bado mchanga. Mama yake, Mwingereza aliyebuni michoro ya vitambaa, akarudi naye kwao mtoto akiwa na miezi minne. Akakulia London, akasomea usanifu wa jukwaa la maigizo. Elimu hiyo ya jukwaa mtaiona ndani ya kazi zake zote.

Miaka ya 1980 wasanii weusi wa Uingereza walikuwa hawapewi kuta. Yeye hakukaa kusubiri kuitwa, alikusanya wenzake. Mwaka 1985 aliandaa maonyesho ya wanawake 11, weusi na wenye asili ya Asia, katika ICA, taasisi ya sanaa za kisasa jijini London. Walipewa korido. Jengo lina kumbi, wao wakapewa njia ya kupitia! Wakatundika humo humo, na maonyesho yale leo yamo katika historia ya sanaa ya nchi ile.

Kisha akahamia Preston, mji wa kaskazini, akafundisha Chuo Kikuu cha Central Lancashire kwa miaka mingi hadi uprofesa. Hapa naomba nikae kidogo. Huku kwetu mchoraji akishika chaki watu wanamsikitikia: "Ameishia kufundisha." Anayesifiwa ni yule anayewauzia watalii tembo na machweo. Mimi nalikataa wazo hilo kwa moyo wangu wote. Kuwatafutia wenzake nafasi, kufundisha na kuchora, kwa Lubaina ni kazi moja. Naamini mtu asiyelazimika kuuza kila wiki anaweza kuchora jambo ambalo soko halijaliagiza.

Tazameni kazi yake ya mwaka 2004, Naming the Money. Ni watu 100 waliokatwa kwenye mbao, wa kimo cha binadamu, wamepakwa rangi za kung'aa, wamesimama ukumbini kama waigizaji jukwaani. Ni Waafrika waliotumikishwa utumwani katika majumba ya kifalme ya Ulaya: wapiga ngoma, washona viatu, wafinyanzi, wachora ramani, waganga wa mitishamba. Mtazamaji anapita katikati yao, bega kwa bega. Akizunguka nyuma ya mmoja anakuta karatasi ya mahesabu, na juu yake maneno machache: jina lake la kwao, jina alilobandikwa na bwana wake, kazi aliyoijua, kazi anayofanyishwa sasa, na kitu kimoja ambacho bado ni chake. Karatasi ya mahesabu, jamani, kwa sababu humo ndimo alimoandikwa, kama mali.

Amechora pia karatasi kwa mpangilio wa kanga: pindo, mji na jina. Hapo mama zetu hawahitaji mkalimani.

Mwaka 2017 alishinda Tuzo ya Turner, tuzo kubwa ya sanaa ya Uingereza, akiwa na umri wa miaka 63, mwanamke mweusi wa kwanza kuipata. Tangu mwaka 1991 hadi 2016, aliyevuka miaka 50 hakuruhusiwa hata kushindania. Na ndiye aliyechaguliwa kuiwakilisha Uingereza katika maonyesho ya sanaa ya kimataifa ya Venice, Italia, mwaka 2026.

Sasa walimu wenzangu, nina ombi. Muhula huu wapeni wanafunzi mabaki ya plaiwudi kutoka kwa mafundi seremala. Wakate watu wa kimo chao wenyewe: mpagazi wa Kilimanjaro, mwanaapolo, mchimba tanzanite wa Mirerani, mama muuza ndizi. Lakini kabla ya kugusa rangi, waende kwanza kumuuliza mhusika jina lake, alifanya nini zamani, na nini anakiita chake. Wayaandike majibu hayo nyuma ya ubao. Mkikwama kwa misumari au rangi, niiteni, nitakuja.