Bitiruti kwenye bustani ya joto: uchague mbegu gani na uipande vipi

Haya karibuni tena, leo tuko na bitiruti na naanza moja kwa moja maana jua likishapanda hapa hatukai. Wengi mnaniambia mmepanda, majani yakatoka mazuuri, ukichimbua chini unakuta kitu kama mkia wa panya, au bitiruti ipo ila ukiikata ina miduara myeupe myeupe na haina utamu hata kidogo. Hiyo miduara kwa kawaida ni joto. Bitiruti inanenepa vizuri kwenye nyuzi joto 15 mpaka 22 hivi, sasa joto likipita sana hapo, na hasa usiku nao ukiwa wa moto, sukari haikai kwenye mzizi na rangi inapauka. Kwa hiyo panda ili inenepe ile miezi yenu ya ubaridi ubaridi, halafu chagua mbegu inayovumilia.

Mbegu sasa. Kama ndo unaanza chukua Detroit Dark Red usijisumbue, ipo tangu 1892 na watu bado wanairudia, ni ya duara, nyekundu mpaka ndani, haina madeko. Early Wonder inawahi, na kwenye joto kuwahi ni jambo kubwa kwa sababu unavuna kabla mambo hayajaharibika, majani yake pia ni mboga safi. Cylindra ni ndefu kama karoti nene, naipenda kwa kukata vipande vinavyolingana, ila inataka udongo mlaini kwenda chini, kama wako ni mgumu achana nayo. Chioggia ile ya Italia yenye miduara ya pinki na nyeupe, nzuri kwa picha, mimi kwenye joto siipi nafasi kubwa. Za njano zina shida ya kuota, ukizitaka mwaga mbegu nyingi zaidi. Na ukikuta pakiti inajisifia kwamba haitoi maua mapema, kama Boltardy, usilipe zaidi kwa hilo, bitiruti inahitaji wiki kadhaa za baridi ya kweli ndo itoe bua la maua, sehemu ya joto hilo tatizo hulioni. Ubaya wake ni kwamba na mbegu ya kwako huvuni, utanunua tu kila mara.

Sasa angalia hapa, ngoja nisogeze mkono kwenye kamera. Hiki kidude chenye mikunjo, kama kipande cha gome, siyo mbegu moja. Humo ndani mara nyingi kuna mbili, tatu, hata nne, ndo maana unapanda moja inaota kundi. Likumbuke hilo, tutalirudia. Loweka usiku mmoja kwenye maji, asubuhi suuza, usizidishe maana zinaoza.

Udongo chimbua sentimita 25 hivi, toa mawe, weka samadi iliyooza kabisa. Nasema kabisa. Ukiweka mbichi utapata mizizi yenye miguu miwili mitatu, na mbolea ya kukuzia majani ukiizidisha ndo ule mkia wa panya sasa.

Panda jioni. Chora mfereji wa sentimita 2, mwagilia mfereji kwanza kabla ya mbegu, kisha weka mbegu moja kila sentimita 5, funika na mboji badala ya udongo mtupu kwa sababu udongo ukipigwa na jua unafanya ganda na mche haupenyi. Juu tandika gunia lenye unyevu. Kuanzia siku ya nne funua uchungulie kila asubuhi, na siku ile ile unayoona vichwa vimetoka, toa gunia weka kivuli cha juu juu, wavu au hata matawi, mpaka miche iwe na majani manne. Mimi kuna mara nilisema nitafunua kesho, kesho ikawa keshokutwa, nikakuta miche mirefu myeupe kama nyuzi, nikafunua kwa furaha saa nne asubuhi, saa saba mchana yote imelala chini. Tuta zima.

Haya, sasa lile kundi. Miche ikifika sentimita 5 lazima uipunguze ubaki mmoja kila sentimita 8 mpaka 10, najua inauma, kila mtu anasema ataiacha tu itapata nafasi yenyewe, haipati jamani. Usiing'oe maana mizizi imeshikana, ukivuta mmoja unamtikisa jirani. Tumia mkasi, kata usawa wa udongo hivi, tik, na ulichokata kinaliwa.

Baada ya hapo ni maji tu, yasikatike. Ukiiacha ikauke kisha ukaifurikisha inapasuka. Tandaza majani makavu katikati ya mistari, udongo ubaki na ubaridi.

Kuvuna, kwenye joto usisubiri ukubwa. Kuanzia siku ya 50 fukua kidogo pembeni na kidole, ikiwa kati ya mpira wa gofu na wa tenisi toa, ikikaa zaidi inakuwa na nyuzi kama kuni. Majani yanyonge kwa mkono uache sentimita 3 juu, mkia usiukate, ukikata itamwaga rangi yote kwenye sufuria. Hii ni ya leo, ya siku 56, naikata mbele yenu… ona, kuna mduara mmoja tu umepauka hapa pembeni, ile wiki ya jua kali nilichelewa kurudisha wavu.