Nahodha na Cheo: Nani Mkubwa Chini ya Maji?

REHEMA: Karibuni tena, wasikilizaji wetu. Mimi Rehema, na huyo mnayemsikia akikoroga chai ni mwenzangu Salim.

SALIM: Sukari imegoma kuyeyuka, dada. Hamjambo nyote.

REHEMA: Leo tunazama. Msikilizaji mmoja katuuliza: mbona mkuu wa wanamaji wa Kenya huitwa meja jenerali, ilhali kwingine huitwa admirali? Nikampa Salim ajibu kwa dakika mbili. Sasa naona kaja na daftari zima, na ndani yake mna Kuba.

SALIM: Kuba iko mbele. Tuanze hapa hapa Mtongwe, kambi ya wanamaji Mombasa. Wanamaji wa Kenya walianza rasmi tarehe 12 Desemba 1964, na maafisa wao hutumia vyeo vile vile vya nchi kavu: luteni, kapteni, meja, kanali, brigedia. Samson Mwathethe alikuwa mwanamaji, lakini alipokuwa Mkuu wa Majeshi, 2015 hadi 2020, aliitwa Jenerali. Ukivuka mpaka ukafika Kigamboni, Tanzania, utasikia rea admirali.

REHEMA: Na hilo admirali nalo ni la Kizungu tupu.

SALIM: Hata! Hilo limetoka kwenye amir ya Kiarabu. Mabaharia wa Ulaya waliliokota Bahari ya Kati, wakalipindapinda likawa hivyo. Kwa hiyo rais anapoitwa Amiri Jeshi Mkuu na yule bwana wa baharini anapoitwa admirali, hayo ni maneno ya tumbo moja.

REHEMA: Nasi tukaenda kwa Waingereza tukachukua neno manowari. Basi hatudaiani.

SALIM: Balaa liko kwenye kapteni. Jeshi la nchi kavu, kapteni ni kijana, hajafika hata umeja. Kwenye majeshi mengi ya majini, kapteni analingana na kanali. Halafu kuna maana ya tatu: yeyote anayeongoza chombo huitwa kapteni, hata kama begani ana cheo cha chini ya hapo. Nyambizi za mashambulizi za Marekani, zenye watu kama mia na thelathini, kwa kawaida huongozwa na komanda, ambaye ni sawa na luteni kanali. Lakini humo ndani kila mtu anamwita kapteni.

REHEMA: Sisi hatuna haja ya kuhangaika. Tuna nahodha.

SALIM: Ndiyo maana nakipenda Kiswahili! Cheo unakwenda nacho mpaka nyumbani. Unahodha ukishuka chomboni umeuacha.

REHEMA: Sasa akipanda mkubwa wake? Tuseme admirali kaja kutembelea nyambizi.

SALIM: Anapigiwa saluti, anapewa kitanda kizuri, kisha anatafuta pa kusimama asiwazibe watu njia. Yeye anaweza kusema chombo kiende wapi. Kuzama, kuibuka, kugeuka, hiyo kazi ni ya nahodha.

REHEMA: Kama kumpakia baba mkwe garini. Mkubwa ni yeye, lakini usukani unao wewe.

SALIM: Na akinyoosha mkono kwenye usukani mtaanguka wote. Sasa sikia Waingereza wanavyompata mtu wa kumpa usukani huo. Wana kozi tangu 1917, jina lake la utani wamelitoa kwenye periskopu, lile bomba la kuchungulia juu ya maji. Afisa anawekwa kwenye periskopu, manowari za kweli zinamjia kwa kasi. Anachungulia, anashusha, anapiga hesabu kichwani: nimebakiza sekunde ngapi kabla meli hii haijapita juu ya kichwa changu? Nyuma yake amesimama komanda wanayemwita Mwalimu. Ukikosea hesabu, Mwalimu ndiye anayeamuru chombo kizame.

REHEMA: Na ukifeli unarudia mwakani?

SALIM: Hurudii. Mashua inakuja kukuchukua, begi lako unalikuta limeshafungwa, unapewa chupa ya wiski. Hutatumikia tena ndani ya nyambizi maisha yako yote.

REHEMA: Chupa ya wiski kwa miaka yote ile ya kazi! Aliyefunga begi naye alijua kabla ya mwenyewe. Mimi hapo ndipo ningelia.

SALIM: Haya, Kuba. Oktoba 1962. Wasovieti wameficha makombora Kuba, Marekani imezingira kisiwa. Tayari nyambizi nne za dizeli zilikuwa zimetoka pwani ya kaskazini ya Urusi: B-4, B-36, B-59 na B-130. Kila moja ina torpido moja ya nyuklia, yaani kombora la kupita majini.

REHEMA: Dizeli, maana yake lazima ipande juu.

SALIM: Lazima. Chini ya maji inatumia betri, na betri huchajiwa kwa injini, na injini inataka hewa. Vyombo hivyo vilizoea baridi ya kaskazini. Vilipofika maji ya joto, ndani kukawa tanuri, zaidi ya digrii 45, watu wanaanguka. Tarehe 27 manowari za Marekani zikaibana B-59 zikaanza kuidondoshea mabomu madogo ya mazoezi, kuiashiria iibuke. Washington ilishaitumia Moscow maelezo ya ishara hizo. Waliokuwa chini wanasema hayakuwafikia.

REHEMA: Kwa hiyo wao wanasikia milipuko tu.

SALIM: Milipuko, giza, joto, na redio hainasi Moscow. Nahodha ni Valentin Savitsky, kapteni wa daraja la pili. Na humo ndani yumo Vasili Arkhipov, naye kapteni wa daraja la pili.

REHEMA: Cheo sawasawa?

SALIM: Sawasawa. Ila Arkhipov alikuwa mnadhimu mkuu wa brigedi nzima ya zile nyambizi. Kwa brigedi ni mkubwa wa Savitsky, kwa chombo kile si nahodha. Vadim Orlov, afisa wa kunasa mawasiliano aliyekuwemo, alisimulia miaka mingi baadaye kwamba Savitsky alipandwa na hasira akaamuru torpido ile itayarishwe, kisha akatulizwa.

REHEMA: Mimi niliisikia kama kura: nahodha, komisaa wa siasa na Arkhipov, wawili ndiyo, mmoja hapana.

SALIM: Ndivyo inavyopendwa mitandaoni, inanoga. Mimi napenda simulizi nyingine, ya Arkhipov mwenyewe, 1997, na ya mwenzao aliyekuwepo. Nyambizi imeshaibuka, usiku, Savitsky na Arkhipov wako juu kwenye mnara wa nyambizi. Ndege za Marekani zinapita chini chini, zinafyatua risasi za moto pembeni, mataa yanawapofusha. Savitsky anaona vita imeanza. Anaamuru wazame haraka na torpido iwekwe tayari. Watu wanajazana kuingia kwenye tundu la ngazi, na afisa wa ishara, na kurunzi lake kubwa, anakwama.

REHEMA: Anakwama mlangoni?

SALIM: Kwenye lile tundu! Nahodha hawezi kushuka. Arkhipov bado yuko juu, anatazama, anaona Wamarekani wanawasha taa kwa ishara ya kuomba radhi. Anamwambia Savitsky. Amri ikafutwa.

REHEMA: Subiri kwanza. Kwa hiyo mimi na wewe tunakunywa chai hapa kwa sababu ya kurunzi?

SALIM: Kurunzi lilimpa nafasi. Lakini nafasi hiyo angepewa mtu mwenye wahaka, angeitumia kupiga kelele. Arkhipov mwaka mmoja kabla alikuwa ndani ya K-19, nyambizi ya nyuklia iliyopoteza mfumo wa kupoza kinu chake cha nyuklia tarehe 4 Julai 1961. Mabaharia waliingia kutengeneza kwa mikono, na wanane wakafa ndani ya wiki chache kwa mionzi. Mtu aliyeona hayo hashtushwi upesi na mwanga wa ndege.

REHEMA: Lakini hakumpokonya mwenzake amri.

SALIM: Hakumpokonya! Hapo ndipo nilipotaka ufike. Angeweza kusema mimi ni mnadhimu mkuu, ondoka. Alimwonyesha tu kile alichokiona, na aliyefuta amri ni nahodha mwenyewe.

REHEMA: Baba mkwe kasema tu, "Mwanangu, pale mbele kuna mtoto anavuka."

SALIM: Haswa. Baadaye akapanda mpaka makamu admirali, akafariki 1998. Dunia nje ya Urusi haikulijua jina lake. Mwaka 2017 familia yake ilipewa tuzo huko London, miaka 55 kamili tangu usiku ule.

REHEMA: Wiki ijayo?

SALIM: Wiki ijayo inatugusa sisi. Februari 1944 meli iitwayo Khedive Ismail ilitoka Mombasa kwenda Colombo, imejaa askari wa mizinga wa Afrika Mashariki na wauguzi. Nyambizi ya Kijapani ikaipiga karibu na Maldivi, ikazama kwa dakika zisizofika tatu. Halafu nyambizi ikajificha chini ya wale waliokuwa wakielea, na nahodha wa manowari ya Kiingereza akawa na mabomu mkononi.

REHEMA: Salim, usiendelee. Waache wairudie wiki ijayo. Nipe hiyo chai, imeshapoa.