Kanali wa Subukia: Michael Blundell na siasa ya shamba

Wazee wetu, mabibi na mabwana, ahsanteni kwa kuja.

Nimeombwa nizungumzie walowezi wa Kenya waliovaa kofia tatu kwa pamoja: mwenye shamba, afisa wa jeshi, mwanasiasa. Hawakuwa wachache. Baada ya Vita Kuu ya Kwanza serikali ya kikoloni iligawa mashamba kwa wanajeshi wa Kizungu waliotoka vitani, mengine kwa bahati nasibu iliyochezeshwa Nairobi mwaka 1919. Nyanda za Juu zikajaa akina Kapteni na akina Meja. Mlowezi wa namna hiyo bunduki aliiweka stoo, lakini cheo hakukivua hata alipokuwa akigombana na jirani juu ya mfereji wa maji.

Nimemchagua mmoja tu, Sir Michael Blundell, na nawaomba mumfuate kwa swali moja: kila mara alipokubali kuachia kitu, ardhi ilikuwa imekaa upande gani?

Yeye alianza na shamba, cheo kikaja baadaye. Alizaliwa Uingereza mwaka 1907, akashuka Kenya mwaka 1925 akiwa kijana wa miaka 18, akajifunza ukulima kwenye mashamba ya wenzake. Baadaye akawa na lake Subukia, kaskazini ya Nakuru. Aliingia kwenye pareto, maua ya kutengenezea dawa ya wadudu, zao lililowatajirisha wengi miaka ya thelathini, na kabla hajawa mbunge alikuwa ameongoza bodi yake. Bodi zile ndizo zilizokuwa shule ya siasa ya mlowezi. Aliyejua kupigania bei ya pareto alijua mlango wa gavana uko wapi.

Na shamba lile lilisimama juu ya sheria. Mwaka 1939 amri kutoka London iliweka mipaka ya Nyanda za Juu na kuzihifadhi kwa Wazungu. Miaka miwili kabla, sheria ya 1937 ilikuwa imewapa walowezi nguvu ya kupunguza mifugo ya maskwota, yaani Waafrika walioishi na kufanya kazi kwenye mashamba ya Wazungu, na kupanga siku zao za kazi, na miaka ya arobaini baadhi ya wilaya zilifikisha siku 270 kwa mwaka. Toeni Jumapili na sikukuu, muone skwota alibakiwa na siku ngapi za kulima kishamba chake mwenyewe.

Vita vya pili vilimpa ukanali. Aliwekwa juu ya kikosi cha mapayonia wa Afrika Mashariki, watu wa kujenga barabara na madaraja, wengi wao Waluo, kikosi kilichokuwa kimegoma na kuwashinda maafisa wengine. Akajifunza Kiluo. Wapo wanaosema hapo ndipo alipobadilika moyo. Mimi nasita. Nyapara hodari naye huijua lugha ya watu wake. Ninachokubali ni kwamba alirudi akijua jambo ambalo majirani zake hawakutaka kulisikia: Mwafrika aliyebeba silaha ya Mfalme hatarudi kuinama kama zamani.

Mara tu baada ya vita alipewa kazi ya kusimamia makazi ya Wazungu wapya, yaani kuleta walowezi zaidi. Mwaka 1948 akaingia Baraza la Kutunga Sheria kwa kiti cha Bonde la Ufa. Kufika 1952, mwaka serikali ilipotangaza Hali ya Hatari dhidi ya wapiganaji wa Mau Mau, alikuwa kiongozi wa wabunge wa Kizungu waliochaguliwa.

Hapa niruhusuni nikae kidogo. Januari 1953 familia ya mlowezi mmoja, mume, mke na mtoto, iliuawa na Mau Mau shambani kwao. Siku mbili baadaye Wazungu wapatao 1,500 waliandamana hadi ikulu ya Gavana Evelyn Baring, Nairobi. Walitaka kuingia ndani. Mbele yao kulikuwa na askari weusi walioshikana mikono, nao waandamanaji wakawachoma kwa sigara. Sultani wa Zanzibar alikuwa mgeni wa gavana siku hiyo. Alipotokeza kutazama kelele ni za nini, matusi yakapaa: eti nyumba ya serikali imeshakabidhiwa watu weusi! Sultani Khalifa bin Harub, mtu aliyekaa kwenye kiti chini ya bendera ya Uingereza tangu 1911, alitukanwa na wageni wa juzi kwenye roshani ya mwenyeji wake.

Blundell ndiye aliyetoka kuzungumza na umati ule ukatulia. Gavana asingeweza, na ofisa wa serikali asingesikilizwa. Walimsikiliza kwa kuwa alikuwa na shamba kama wao, na cheo kama wao. Huo ndio uliokuwa mtaji wake wote, na siku ile aliutumia vizuri.

Lakini bei yake ilikuwa nini? Mwaka 1954 alipata kiti kwenye Baraza la Vita pamoja na gavana na Jenerali Erskine, mkuu wa jeshi la Uingereza nchini, watu wachache walioiendesha Hali ya Hatari. Ni wakati wa msako mkubwa wa Nairobi, wa makambi ya kizuizini, wa watu kuhamishiwa kwa nguvu katika vijiji vilivyozungushiwa mahandaki. Hadi mwisho, zaidi ya watu 1,000 walinyongwa. Ukisoma wasifu wa Blundell ulioandikwa na wapenzi wake, ukurasa huu hupitwa haraka. Alikuwemo. Wanaomwita rafiki wa Mwafrika waanzie hapo, kisha waendelee kumsifu kama bado wana nguvu.

Mwaka 1955 akawa Waziri wa Kilimo, akasimamia mpango wa kilimo ulioitwa wa Swynnerton: Mwafrika apewe hati ya ardhi, aruhusiwe kupanda kahawa kwa wingi, apate mkopo. Wengi walifaidika, hilo halina ubishi. Ila angalieni mashamba yaliyopimwa. Yalikuwa yale ya maeneo ya Waafrika, na kwa Wakikuyu yaligawanywa upya huku wanaume wengi wako kizuizini. Mpaka wa Nyanda za Juu haukuguswa.

Uliguswa mwaka 1959. Blundell aliacha uwaziri, akaanzisha kundi la New Kenya Group lenye watu wa rangi zote, na mwaka huo huo serikali ikatangaza kwamba Nyanda za Juu zitafunguliwa. Walowezi wenzake hawakuamini masikio yao. Kisha ukaja mkutano wa katiba wa Lancaster House, London, Januari hadi Februari 1960, ambako alikubali katiba yenye Waafrika wengi bungeni. Aliporudi, uwanjani Nairobi mlowezi mmoja alimtupia miguuni sarafu 30 za fedha na kumwita Yuda.

Watu hupenda kuishia kwenye sarafu hizo. Kwangu mimi uchaguzi wa 1961 una uhondo zaidi. Katika viti vilivyotengewa Wazungu, mgombea alipaswa kwanza apate asilimia 25 ya kura za Wazungu wenzake, ndipo asimame mbele ya wapiga kura wote. Mpinzani wake alikuwa Cavendish-Bentinck, mzee wa vita vya kwanza aliyeacha uspika ili kuwapigania walowezi. Kwenye mchujo Blundell alipigwa vibaya, akavuka ile asilimia 25 kwa tabu. Kwenye kura ya wote, Waafrika wakampa ushindi mkubwa. Kanali wa Subukia akaingia bungeni kwa kura za maskwota na watoto wa maskwota.

Nao walipata nini? KANU, chama cha Waafrika kilichoshinda viti vingi zaidi, kilikataa kuunda serikali Kenyatta akiwa bado kizuizini. Kundi la Blundell likaungana na KADU, chama cha jamii ndogo kilichoongozwa na Ronald Ngala, na Blundell akarudi Wizara ya Kilimo. KADU ilitaka majimbo, yaani mikoa yenye serikali zake, kwa sababu jamii ndogo ziliogopa kupoteza ardhi ya Bonde la Ufa, na walowezi waliyapenda majimbo kwa hofu inayofanana na hiyo. Swali letu lile lile, jibu lile lile.

Mwaka 1962 alipewa u-Sir, na mwaka uliofuata akatoka kwenye siasa. Hakukimbilia Afrika Kusini kama wengi waliomtukana. Alibaki Kenya, akawa mwenyekiti wa kampuni ya bia ya East African Breweries kwa zaidi ya miaka kumi, akaandika kuhusu maua ya porini, akafia Nairobi mwaka 1993.

Mashamba ya wenzake hayakuchukuliwa bure. Yalinunuliwa kwa mikopo, sehemu kubwa fedha za Uingereza, chini ya mpango wa ekari milioni moja. Mlowezi aliondoka na hundi yake. Mkopo aliurithi mkulima mdogo aliyepewa kipande, na akatakiwa aulipe kwa awamu.

Karibuni maswali.