Karatasi za Karanga na Historia ya Mabasi ya Tabora

Mwangaluka!

Mmeitikia kama abiria walioamshwa Manyoni saa nane usiku. Tena: mwangaluka! Haya, sasa mmefika.

Mwenyekiti amenipa dakika thelathini, na amenionya kwa macho. Ananijua. Wengi wenu mmeshanisikia nikisema haya ya historia ya mabasi msibani, harusini, na mara moja kwenye foleni ya benki mpaka askari akaniomba nipunguze sauti. Leo nimepewa kipaza sauti, kwa hiyo vumilieni.

Mwite mtoto wa shule yoyote hapa Tabora, umwulize reli ilifika lini. Atakwambia 1912. Kigoma? 1914. Safi kabisa, mpe maksi zake. Sasa mwulize basi la kwanza la abiria kutoka hapa kwenda Nzega lilikuwa la nani, na nauli ilikuwa shilingi ngapi. Atakutazama kana kwamba umemtukana mama yake. Nenda kwa mwalimu wake, ni hivyo hivyo. Reli ina chuo hapa mjini, ina stesheni ya Mjerumani ambayo watalii wanaipiga picha. Basi lina nini? Lina vumbi.

Namwona bwana mmoja pale nyuma anatabasamu. Anasema moyoni, huyu mzee naye, mabasi ni vyuma tu, yana historia gani? Baba, nani alibeba pembe za ndovu kutoka Ujiji mpaka Bagamoyo? Alikuwa Mnyamwezi, frasila mbili begani, zaidi ya kilo thelathini, na kutoka pwani mpaka Unyanyembe, yaani hapa hapa Tabora, ni kama miezi mitatu ya kutembea. Msafara ulikuwa na kiongozi wake, vituo vyake vya kulala, posho yake, na ugomvi wa posho pia. Hiyo ni kampuni ya usafirishaji, ilikosa injini tu. Kazi hii tumeanza sisi. Halafu unaniambia vyuma!

Reli ilipokuja ikataka kula peke yake. Miaka ya 1930 mkoloni akatunga sheria za kuyabana malori yasishindane na treni yake. Lakini treni haifiki kila kijiji, kwa hiyo reli yenyewe ikalazimika kuwa na mabasi: unashuka Itigi, unapanda basi la reli, unapita Chunya mpaka Mbeya. Mambo ya KAMATA, Kampuni ya Mabasi ya Taifa, mnayajua, nitayagusa tu. Kampuni ya mabasi ya Wazungu ya Dar es Salaam ilitaifishwa mwaka 1970, mwaka 1974 ikagawanywa, UDA, Usafiri Dar es Salaam, ikabaki na jiji, KAMATA ikapewa mikoa. Wazee hapa wanakumbuka kulisubiri basi siku mbili kwa sababu ya spea. Katikati ya miaka ya 1980 biashara ikaachiwa, watu binafsi wakaingia. Hapo ndipo nilipoingia na mimi, karani mwenye kalamu sikioni.

Kampuni niliyofanyia kazi siitaji. Tajiri alishafariki, na watoto wake ni wakali. Mzee yule kila akipata wageni alikuwa anasema, "Mimi nilianza na basi moja." Hakuanza na basi. Alianza na lori la kubebea tumbaku ya Urambo. Aliling'oa bodi, chesisi ikavalishwa bodi ya abiria kwa kuchomelea, ikawekwa mabenchi, na keria juu. Mvua ikinyesha, tumbaku ilikuwa bado inanukia kwenye mabati. Najua kwa sababu kwenye kitabu cha mizigo cha mwanzo namba ya gari ni ile ile, juu imeandikwa "lori", na kurasa chache mbele mtu amekata "lori" akaandika "basi". Kwa kalamu nyekundu! Hapo ndipo kampuni ilipozaliwa, kwenye mstari mmoja wa kalamu nyekundu, na tajiri mwenyewe alikuwa ameshasahau.

Sasa vitabu vile viko wapi?

Miaka michache iliyopita nipo stendi, nimenunua karanga za mama mmoja. Amezifunga kwenye karatasi kama pembe, mnajua. Natafuna, nafika chini, nafungua karatasi. Naona mwandiko. Nikasema, mbona mwandiko huu naujua? Ulikuwa wangu.

Nikamwambia, "Mama, karatasi hizi umezitoa wapi?"

"Nanunua kwa kilo, baba. Kwani karanga zina shida?"

"Karanga hazina shida. Nipe zote."

"Karanga zote?"

"Karatasi zote!"

Akaniona nimechanganyikiwa. Zilikuwa zimebaki saba. Kitabu cha kurasa mia mbili, kimeliwa na karanga, zimebaki saba. Na nilizilipia kwa bei ya karanga.

Hii hapa moja. Ina mafuta, lakini inasomeka. Januari 1998. Wenye umri wangu mkisikia Januari 1998 mnajua: mvua za El Niño, reli imekatika huko chini, treni hakuna. Stesheni imejaa watu na mabegi. Mji mzima ukageukia mabasi ambayo juzi ulikuwa unayaita mikweche. Gari letu lilikuwa la abiria hamsini na tano. Tazameni orodha: hamsini na tano, halafu chini nimeandika kwa herufi ndogo, kwa aibu, "na 22". Ishirini na mbili wamesimama! Trafiki asinisikie. Mizigo: madebe tisa ya asali, cherehani moja, godoro, na "jeneza tupu, linakwenda Igunga". Mwenye jeneza alikaa nalo kwenye keria njia nzima kwa sababu hakuwaamini utingo.

Na pembeni hapa, kwa mwandiko wa dereva, maneno mawili: "Wembere, siku 3".

Mnaoijua ile mbuga ya Wembere, mbele ya Igunga, hamhitaji maelezo. Udongo mweusi, ukilowa unashika tairi kama ugali unavyoshika mwiko. Utingo wetu wawili walikuwa na mbao mbili ndefu. Unalaza mbao mbele ya tairi, gari linasogea urefu wa mbao, unachomoa nyuma, unalaza tena mbele. Kwa siku tatu! Abiria walichanga mchele, asali ikafunguliwa debe moja, na mwenye debe akalipwa. Risiti imebanwa hapa nyuma. Wakivuka wana Mlima Sekenke mbele yao.

Mtasema, mzee, nenda ukamwulize tajiri, si ndiye mwenye kampuni? Tajiri alikuwa Tabora, amelala kitandani! Yeye atakwambia alikuwa na mabasi mangapi. Habari za zile mbao anazo utingo, na utingo wale mmoja amekufa, mwingine anauza mkaa Ng'ambo. Hakuna aliyewahi kumtembelea na daftari.

Mwenyekiti ananyanyua mkono. Dakika ngapi? Tano! Nilikuwa na habari za Kigoma, ndugu zetu wa Kasulu na Kibondo mnisamehe. Kwa kifupi: zile safari za mapori ya kule, mabasi yanasubiriana ili yaondoke kwa eskoti ya polisi kwa kuogopa majambazi, abiria wamenyamaza kimya mpaka watoto, hiyo ni historia nzima peke yake. Daraja la Kikwete pale Malagarasi nalo, lilivyobadilisha safari ya Uvinza. Marufuku ya mabasi kutembea usiku, iliyokaa miaka mingi mpaka ikaondolewa 2023. Kuna nyumba za wageni ziliishi kwa marufuku ile. Hizo naziruka.

Na yule kijana anayetaka kuniambia treni ya umeme inakuja: naijua. Dar es Salaam na Dodoma wanaipanda tangu 2024, na ikifika hapa nitakuwa wa kwanza kukata tiketi. Lakini siku itakapoanza, mabasi mengi yatauzwa, na makabati ya ofisi zake yatauzwa na vilivyomo. Kwa kilo. Kwa hiyo mwenye ofisi stendi, kabla hujaita muuza karanga, niite mimi. Bei nitaongeza.

Jambo la mwisho, mwenyekiti, kweli la mwisho. Kiti namba 31 nimeandika "mama na mtoto mchanga, Igunga". Mtoto yule leo ni mtu mzima. Kama kuna anayemjua, au aliyekuwa ndani ya gari lile, au hata mwenye jeneza, nipo nje chini ya mwembe. Karatasi inazunguka, ishikeni pembeni, hapo katikati imeanza kuchanika.