Krystyna Janda, mwigizaji aliyejijengea jukwaa

Ndugu zangu, habari za jioni. Mtu akikaa kwenye filamu na televisheni kwa karibu miaka 50, watu husema ana bahati. Bahati ya Krystyna Janda wa Poland ilikuja na vikwazo vyake.

Alizaliwa Starachowice mwaka 1952, akasomea uigizaji Warsaw. Alikuwa bado mgeni kabisa kwenye sinema mwongozaji Andrzej Wajda alipompa nafasi kubwa katika filamu yake "Man of Marble". Humo ni Agnieszka, mwanafunzi wa filamu anayefukua habari za mwashi aliyetukuzwa na serikali kisha akafutwa. Katika stoo ya makumbusho, sanamu ya huyo mwashi imelazwa chali. Agnieszka anachukua kamera mwenyewe, anaipanda sanamu kama mtu aliyepanda farasi, na kuanza kurekodi kwa siri. Mguu huku, mguu kule, suruali ya jinzi, hana adabu hata kidogo! Mimi naona nusu ya sifa zake zote zilizaliwa pale.

Mwaka 1981 mwendelezo wa filamu hiyo, "Man of Iron", ulishinda Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa. Desemba ya mwaka huohuo serikali ya Poland ikatangaza utawala wa kijeshi. Janda alikuwa kwenye "Interrogation", filamu ya mwongozaji Ryszard Bugajski: mwimbaji wa kilabu analeweshwa, anatupwa gerezani enzi za Stalin, anateswa ili atie saini maungamo ya uongo. Anagoma. Filamu ikapigwa marufuku, watu wakaitazama kwa kificho kwenye kanda za video. Ilipofunguliwa, Cannes ilimpa tuzo ya mwigizaji bora wa kike mwaka 1990, kwa kazi aliyoifanya miaka minane nyuma. Fikirieni: anapongezwa kwa sura ambayo hana tena.

Televisheni nitaipita haraka, ingawa sehemu ya pili ya "Dekalog", mfululizo wa televisheni wa mwongozaji Kieślowski, haifai kukosa.

Ninachotaka mkizingatie zaidi ni mwaka 2005. Waigizaji wengi wa kike wakivuka miaka 50 hukaa wakisubiri simu. Yeye na familia yake walikuwa wameanzisha taasisi, wakachukua jengo la sinema ya zamani katikati ya Warsaw na kuligeuza ukumbi wa michezo ya kuigiza, Teatr Polonia. Anaigiza, anaongoza, na mauzo ya tiketi yanamhusu yeye. Kiangazi, kundi lake hutoka nje na kuigiza bure uwanjani, Plac Konstytucji. Mwaka 2010 akaongeza ukumbi wa pili, Och-Teatr.

Mumewe, mpiga picha za sinema Edward Kłosiński, alifariki Januari 2008. Ndiye aliyeshika kamera katika "Man of Marble". Wajda alikuwa akitengeneza "Sweet Rush", na Janda akaandika maneno yake mwenyewe kuhusu siku za mwisho za mumewe. Yakaingizwa humo: chumba kimoja, mwanga hafifu, kamera imetulia, naye anasimulia.

Hicho ndicho kipande cha filamu tutakachoanza kutazama jioni hii. Naomba mzime taa za nyuma.