Kioo cha rangi: rangi inatoka wapi na jinsi ya kutengeneza pambo la dirishani

Haya karibuni, leo tunatengeneza pambo la dirishani kwa kioo cha rangi, ila kabla hujashika kikatio cha kioo chukua kipande cha bluu, kiinue kwenye mwanga alafu kiangalie ubavuni. Unaona bluu imeenda mpaka ndani kabisa? Hiyo haijapakwa. Mchanga, magadi na chokaa vinayeyushwa kwenye tanuru kama nyuzi 1500 hivi, na humohumo ndo wanatia madini. Bluu hii ni kobalti, hiyohiyo inayochimbwa Kolwezi kule Kongo kwa ajili ya betri za simu, na inatiwa kidogo saana, ukizidisha kioo kinakuwa cheusi. Kijani ni chuma au kromu. Nyekundu inaweza kuwa shaba, seleni au hata dhahabu, na ya dhahabu bei yake imechangamka. Chupa ya bia ya kahawia ni chuma, salfa na kaboni, na ile kahawia si urembo, inazuia mwanga usiharibu bia.

Kilichopakwa ukikwangua kwa wembe rangi inatoka, usinunue hicho. Vioo vya kanisa la Chartres, Ufaransa, ni vya miaka ya 1100 na 1200 na bluu yake bado inawaka mpaka leo!

Sawa, twende. Vaa miwani, hapo sibembelezi mtu. Chora umbo kwenye karatasi, weka chini ya kioo. Chovya gurudumu la kikatio kwenye mafuta ya taa, anza ukingo huu mpaka ule bila kusimama, sikiliza ile sauti ya kukwaruza, ikikatika ujue umelegeza mkono. Mara moja tu jamani, usirudie juu ya mstari, ukirudia unaua gurudumu na kioo kinapasuka kinakotaka chenyewe. Alafu kunja ngumi chini ya kioo, gumba moja huku na moja kule kwa mstari, vunja kama unavunja biskuti.

Kingo sugua kwa jiwe la kunolea lenye maji, sio kavu, vumbi la kioo ni baya kwa mapafu. Kausha, zungushia tepu ya shaba ibaki sawa pande zote mbili, kandamiza na kijiti. Panga vipande, paka dawa ya kulehemu, dondoshea lehemu iliyoyeyushwa kwa pasi ya kulehemu kwenye maungio kwanza ili visihame ndo upitishe mstari mzima mpaka shaba isionekane tena, kisha geuza ufanye na nyuma. Fungua madirisha, aina nyingi za lehemu zina risasi, yale madini yenye sumu, usile hapo na watoto wakae mbali.

Kipete cha kutundikia kigandishe pale mistari inapokutana, ukikiweka kwenye tepu tupu ya ukingoni uzito utaichomoa. Osha kwa sabuni, mikono pia. Bluu iliyoiva na nyekundu zitundike linapopiga jua lenyewe, za rangi nyepesi hata dirisha la kivulini zinaonekana vizuri.