Suruali ni Msamba: Mhadhara kwa Wanaoanza Kushona

Karibuni, ndugu zangu. Kila mmoja ana tepu, penseli, rula na karatasi ya kaki mbele yake. Cherehani tutazisogelea baadaye. Leo tunashona suruali ya lastiki: haina zipu wala vifungo, na haina mkanda wa kiunoni wa kuunganisha. Ni vipande vinne vya kitambaa, mishono mitano, nefa (njia ya kupitishia lastiki kiunoni) na pindo.

Wengi huiogopa suruali kwa sababu ya zipu na mifuko. Zipu mtu hujifunza kwa mchana mmoja. Kinachoiharibu suruali ni msamba, yaani ule mpindo unaoanza kiunoni mbele, ukapita kati ya miguu na kupanda hadi kiunoni nyuma. Sketi kazi yake ni kuuzunguka mwili tu. Suruali inauzunguka na tena inapita chini yake, kisha inatakiwa imwache mwenyewe akae, ainame na apande daladala. Ukiupatia msamba, kilichobaki ni mistari iliyonyooka. Ndiyo maana muda wetu mwingi utakwenda hapo, na mengine tutayapita haraka.

Kwanza kitambaa. Kwa suruali ya kwanza chukueni kitenge cha pamba au pamba nyingine ya uzito wa kati isiyoteleza na isiyovutika. Satini na shifoni zinakimbia chini ya sindano, na jezi inavutika. Mtaishia kupambana na kitambaa badala ya kujifunza suruali. Khanga ni nyepesi mno, mshono wa msamba huachia mapema. Kitenge hicho kifueni, kianikeni na kukipiga pasi kabla ya kukata. Pamba hunywea kwenye maji, hasa kwa urefu, na suruali iliyokatwa kabla ya kufuliwa hupanda juu ya kifundo baada ya kufuliwa mara moja.

Sasa vipimo. Tunahitaji vinne. Kiuno: funga uzi pale unapotaka suruali ikae, kisha pima juu ya uzi huo. Nyonga: pima mahali makalio yalipojaa zaidi, tepu ikiwa sawa mbele na nyuma, isibane. Urefu: kutoka kwenye uzi wa kiunoni, ubavuni, hadi kifundo. Cha nne ndicho ambacho wengi wanakiruka, nacho ni kina cha msamba. Kaa juu ya kiti kigumu, mgongo wima, mwenzako apime ubavuni kutoka kwenye uzi hadi kwenye kiti. Sofa haifai kwa sababu unazama.

Tuchukue mfano wa mtu mwenye kiuno 32, nyonga 40, urefu 40 na kina cha msamba 10½, vyote kwa inchi. Kwenye nyonga tunaongeza inchi 4 za ulegevu, zinakuwa 44. Gawanya kwa nne, unapata 11. Kwenye kina tunaongeza inchi 1, kinakuwa 11½.

Chora kwenye karatasi mstatili wenye upana wa inchi 11 na kimo cha inchi 11½. Mstari wa juu ni kiuno, wa chini ni mstari wa msamba. Upande wa kushoto ni ubavuni, wa kulia ni katikati ya mwili. Hiki ni kipande cha mbele. Urefushe mstari wa msamba kuelekea kulia kwa inchi 2½, ambayo ni nyonga (40, bila ulegevu) ikigawanywa kwa 16. Hiyo ndiyo ncha ya msamba. Juu, kiunoni, ingia ndani nusu inchi kutoka kona ya kulia. Kutoka alama hiyo teremsha mstari karibu wima hadi inchi 3 hivi juu ya mstari wa msamba. Kuanzia hapo lazima upinde.

Upinde kiasi gani? Hapa macho hudanganya, tumieni tepu. Simama kwenye kona ambapo mstari wa katikati ya mwili unakutana na mstari wa msamba. Kutoka kona hiyo chora mstari wa mshazari kwenda juu, upande wa ncha, na uweke alama kwenye inchi 1¼. Mpindo wako upite hapo, ukamalizikie kwenye ncha. Mkipinda kwa upole mno, kitambaa kinajaa mbele na kutoa kifuko. Mkichimba mno, msamba unabana kwenye paja.

Kipande cha nyuma huanza na mstatili uleule, ila ncha yake inatoka inchi 5, yaani nyonga ikigawanywa kwa 8. Ni mara mbili ya mbele kwa sababu nyuma ndiko kuliko na makalio, na kitambaa lazima kiyazunguke. Alama ya mshazari iwe inchi 1¾. Kiunoni ingia inchi 1 badala ya nusu, kisha panda juu inchi 1½ na uunganishe na kona ya ubavuni kwa mstari wa mteremko. Inchi hiyo moja na nusu ndiyo inayozuia mgongo kubaki wazi mtu akiinama.

Fanyeni hesabu moja kabla ya kuendelea. Kiunoni tumepunguza nusu inchi mara mbili mbele, na inchi 1 mara mbili nyuma, jumla 3. Kutoka 44 zinabaki 41. Nyonga ni 40. Basi suruali itapita. Mtu akipunguza kiuno zaidi ili kuondoa mikunjo ya lastiki, anashona suruali nzuri isiyovalika.

Mguu ni rahisi. Shusha mstari wa ubavuni hadi urefu utimie inchi 40 kutoka kiunoni, na kule chini uingie ndani inchi 2, mbele na nyuma sawa. Upana wa chini uwe inchi 9½ mbele na 10½ nyuma. Unganisha na ncha za msamba kwa mstari ulionyooka. Halafu pima mshono wa ndani wa mbele na wa nyuma. Wa nyuma utazidi kidogo kwa kuwa umelala zaidi. Teremsha ncha ya nyuma kidogo kidogo hadi mshono wake ulingane na wa mbele. Usipofanya hivyo, utavuta kitambaa cha mbele wakati wa kushona ili kilingane, na mguu utajisokota ukiuvaa.

Mwisho ongeza nafasi: nusu inchi kwenye mishono yote, inchi 1½ chini kwa pindo, na inchi 1½ juu kwa nefa. Sehemu ya nefa ipande wima kutoka mstari wa kiuno. Ukiendeleza mlalo wa katikati nyuma, ukingo wa juu unakuwa mfupi kuliko pale unapokunjwa kulala, na nefa itavuta.

Andikeni kwenye kila karatasi: mbele au nyuma, vipimo vya mwenyewe, na mshale wa kuonyesha mtande, yaani nyuzi zinazokwenda kwa urefu wa kitambaa. Vipande hivi vinafanana, na mtu akivichanganya anagundua suruali ikiwa imekwisha.

Kuna mwenzetu ameuliza kama haiwezekani kufuatisha suruali kuukuu. Inawezekana, na mafundi wengi hufanya hivyo. Ila suruali hiyo iwe ya kitambaa kisichovutika, iwe ya lastiki pia, na lastiki ivutwe hadi mwisho wakati wa kufuatisha. Ukifuatisha taiti au jinzi ya kuvutika kisha ukakata kitenge, haitapita kwenye mapaja.

Kitambaa kiasi gani? Kila kipande ni inchi 40, jumlisha nefa, pindo na mnyanyuko wa nyuma: 44½. Kitenge cha upana wa inchi 44 hadi 46 ukikikunja kwa urefu, ukingo kwa ukingo, unapata kama 22. Kipande cha nyuma kina upana wa 17 pamoja na mishono, cha mbele kina 14½. Havikai sambamba, vinafuatana. Hiyo ni inchi 89, na yadi mbili na nusu ni inchi 90. Nunueni yadi tatu, maana dukani mkato huenda upande na kitambaa kinanywea. Kitambaa cha inchi 60 kisicho na mwelekeo wa maua, ukivipanga kimoja kichwa juu na kingine kichwa chini, yadi moja na nusu inatosha.

Mshale wa mtande uwe sambamba na ukingo. Pima kutoka kwenye ukingo hadi kichwa cha mshale, halafu hadi mkia wake. Vipimo viwe sawa. Kateni kitambaa kikiwa kimekunjwa ili vipande vitoke kulia na kushoto kwa pamoja. Anayekata kipande kimoja kimoja bila kugeuza karatasi hupata miguu miwili ya upande mmoja. Kwa kitenge chenye uso sawa pande zote mbili anaweza kukigeuza akaokoka, kwa kitambaa cha uso mmoja ndiyo imetoka.

Kabla ya kukata kitambaa kizuri, jaribuni kwa shuka kuukuu au marekani. Msishone suruali nzima. Kateni hadi juu ya goti, maana tunachojaribu ni msamba. Ukiupatia, hiyo kaptula ni ya kulalia.

Kwenye cherehani, wekeni sindano namba 14 kwa kitenge, 16 kwa khaki. Mshono uwe karibu milimita 2.5, kiasi cha mishono kumi kwa inchi. Jaribuni kwenye kitambaa kilekile, tabaka mbili. Mkiona vitanzi upande wa chini, msikimbilie bobini: uzi wa juu haukukaa vizuri kwenye visahani vya mkazo. Inua mguu wa kubania, vua uzi, tunga upya.

Sasa kushona. Laza mbele na nyuma, uso kwa uso, shona ubavuni. Kisha shona mshono wa ndani. Mguu mmoja umekwisha. Fanya wa pili. Cherehani nyeusi za kukanyaga nyingi hazina mshono wa zigizaga, hivyo kingo zitachambuka. Peleka kwa mwenye ovaloki (mashine ya kufunga kingo), au kunja kila ukingo robo inchi na upitishe mshono juu yake.

Kisha geuza mguu mmoja uso nje, mwingine ubaki umegeuzwa. Ingiza ule wa uso nje ndani ya mwenzake, mbele ikutane na mbele, na mishono ya ndani ikutane sawasawa. Unaona mpindo mmoja wenye umbo la U. Bana pini pale mishono inapokutana, kisha kiunoni pande zote mbili. Piga bandi, yaani mishono mirefu ya muda, kwa mkono. Usiweke cherehani bado.

Vaeni sasa, mfunge lastiki kiunoni kwa nje, na mtembee, mkae, mchuchumae. Halafu simameni mbele ya kioo mkasome mikunjo. Mistari inayotoka kwenye msamba kupanda nyongani kama ndevu za paka inasema ncha ya msamba ni fupi: ongeza nusu inchi kwenye ncha, ya mbele kama mistari iko mbele, ya nyuma kama iko nyuma. Kiuno kikishuka nyuma unapokaa, ongeza juu, katikati ya nyuma. Kitambaa kikilundikana chini ya makalio, nyuma kumezidi: punguza ncha ya nyuma robo inchi, jaribu tena. Kikiingia katikati ya makalio, chimba mpindo wa nyuma kidogo zaidi. Mara nyingi robo inchi inamaliza tatizo.

Kuna kosa linalofanywa kwa nia njema. Mtu anaona msamba unabana, anaushusha inchi mbili ili apate nafasi. Matokeo yake suruali inabana zaidi. Msamba ukining'inia, kila ukiinua mguu unauinua pia mguu wa pili na kiuno kizima. Anayetaka nafasi ya kupiga hatua aongeze upana kwenye ncha, kina akiache kama kilivyo.

Mkisharidhika, pitisha mshono wa cherehani, na mwingine wa pili milimita 2 au 3 kutoka wa kwanza, ndani ya nafasi ya mshono. Kwenye U ya chini, punguzeni kitambaa kibaki robo inchi na msikifungue kwa pasi, kisimame chenyewe. Msiweke vikato vya mkasi hapo, ndipo suruali hupasukia.

Mifuko: kwa suruali ya kwanza iacheni. Mwenye haraka nayo ashone mmoja wa kubandika nyuma, kabla ya kuunga ubavu.

Nefa: kunja robo inchi, pasi, kunja inchi 1¼, pasi, shona ukingo wa chini, uache mlango wa inchi 2 nyuma. Lastiki ya upana wa inchi 1 itapita bila kujikunja. Urefu wake ni kiuno kutoa inchi 3, jumlisha inchi 1 ya kupandishana: kwa mtu wetu, 30. Ivuteni kiunoni kabla ya kukata, kwani nyingine ni ngumu na nyingine zinalegea. Ipitishe kwa pini, mkia ukibanwa kwenye kitambaa usije ukazama. Pandisha ncha, shona mraba na msalaba ndani yake, funga mlango. Sambaza mikunjo, kisha shona wima juu ya mishono ya ubavuni, ukiikamata lastiki. Usipofanya hivyo, itajipinda ndani ya nefa ikifuliwa.

Pindo lije mwisho, suruali ikiwa imevaliwa pamoja na viatu vyake. Mwenzako apime kutoka sakafuni, maana mabega na nyonga za watu wengi haziko sawa kabisa, na mguu mmoja unaweza kutaka robo inchi zaidi. Kunja nusu inchi, kunja inchi 1, pasi, shona kuanzia mshono wa ndani.